Anivesari ya miaka 10, siku mbili tu, mama watoto anataka mambo ya kauboi. Naombeni mwongozo

Ngosha_wa_Meatu

Wakuu salama? Mimi huwa napita kimya kimya, nasoma nyuzi za watu nasepa, leo yamenikuta imebidi nifungue wa kwangu. Tupo Houston mwaka wa saba huu, mimi na mama watoto, na Oktoba tunatimiza miaka 10 ya ndoa. Ilipofika mitano nilimwahidi kitu kizuri halafu nikapangiwa shifti ya usiku siku ileile, mpaka leo tukibishana chochote nyumbani hiyo stori inatupwa mezani kama turufu.

Sasa huyu mwanamke, Mchaga wa Marangu, ana ugonjwa wa kauboi. Baba yake alikuwa na redio kaseti na kanda za Jim Reeves, yule mwimbaji wa kauntri, Jumapili wakitoka kanisani ni Jim Reeves mpaka machalari yaive. Kafika Texas kitu cha kwanza kununua kofia ya pama. Juzi yuko anaosha vyombo akasema "miaka saba Texas sijaona kauboi hata mmoja, naona malori na foleni tu". Nikanyamaza ila nimesikia.

Masharti: Ijumaa mpaka Jumapili, tunalala mara mbili. Watoto wanabaki kwa dada yangu anayekaa Katy. Bajeti dola 900 na mafuta humo humo. Iwe sapraizi. Nimeona ranchi za Bandera, nimeona Fort Worth, kote ni kama masaa manne kwa gari. Na niseme ukweli wangu, nimechunga ng'ombe toka nina miaka sita mpaka naingia sekondari, nimewakimbia mpaka nikavuka bahari, leo nilipe hela nikawaangalie? Nianzie wapi wakuu.

kiti_cha_mbele

Nimekaa. Karanga ninazo.

NyarAlego_Dallas

Haki ya nani usimpeleke huyo mama mbali, mpeleke Stockyards Fort Worth, ule mtaa wa zamani wa soko la mifugo, umalize hii maneno. Mimi nakaa Dallas nimeenda na wageni mpaka naweza kuwa mwongoza watalii wa hapo. Uzuri wake ni kwamba kila kitu kiko pahali pamoja, unapaki gari Ijumaa unaisahau mpaka Jumapili, mnatembea kwa miguu, na kwa watu wana siku mbili tu hiyo ndio maana ya romantiki, sio kukaa ndani ya gari mkigombania GPS.

Kila siku saa tano na nusu asubuhi na saa kumi jioni wanapitisha ng'ombe za pembe ndefu katikati ya Exchange Avenue, makauboi juu ya farasi, nguo ni za ile enzi. Wamefanya hivyo tangu 1999. Mfike mapema msimame upande wenye kivuli. Usiku wa Ijumaa na Jumamosi kuna rodeo, mashindano ya makauboi, ndani ya Cowtown Coliseum, hiyo jumba ni ya 1908 na rodeo ya ndani ya nyumba ilianzia hapo 1918. Nunua tiketi mapema, viti vya mbele karibu na geti wanalotokea mafahali, usijifanye mjanja wa viti vya bei rahisi juu kule, utaona kofia za watu tu.

Na chunga tarehe, mwisho wa Septemba mpaka wiki ya tatu ya Oktoba hivi kuna State Fair, maonyesho makubwa ya jimbo, huku Dallas, hoteli zinapanda na barabara zinajaa.

Ngosha_wa_Meatu

Asante dada. Ila nielewe vizuri, ng'ombe wangapi hao?

NyarAlego_Dallas

Kumi na kitu hivi. Wanapita polepole dakika chache wameisha.

Ngosha_wa_Meatu

Ng'ombe kumi na kitu wanapita barabarani watu wanapiga picha. Kwetu hiyo ilikuwa kila jioni na ukichelewa kuwarudisha unakula fimbo. Wazungu bwana.

Rukundo_wa_Minembwe

Bandugu jambo kwenu. Miye ni mutu wa Minembwe, Kivu ya Kusini, naishi hapa Fort Worth na familia. Ndugu Ngosha usicheke, nenda uone kwanza. Siku ya kwanza kuona zile longhorn nilisimama pale kama mutoto. Pembe za kwetu zinapanda juu, hizi zinaenda pembeni, kushoto na kuume, ncha mpaka ncha zingine zinapita mita mbili. Babu yangu alikuwa na ngombe za pembe ndefu, Rwanda banaziita inyambo, Uganda ni Ankole. Na unajua hapa Texas kuna wazungu banafuga hizo za kwetu? Banaziita Watusi. Niliona moja shambani pembeni ya barabara, shina la pembe nene kuliko paja langu, nikasimamisha gari, nikaiita vile babu alikuwa anaita. Iliinua kichwa. Bibi yangu, mama ya watoto, akaniambia ingia gari tuende, watu banaangalia.

Watoto bangu hawajui kukamua. Miye nabapeleka Stockyards kila mwaka baone tu.

Ngosha_wa_Meatu

Mkuu Rukundo umeniweza. Haya naanza kulainika.

BushLoya

Mimi niwe tofauti. Mambo ya kauboi ni mambo ya wazungu, unampeleka mke kwenye baa ya watu wenye kofia wote wanageuka kuwaangalia nyinyi wawili. Romantiki gani hiyo? Mpeleke Galveston mkale samaki, baharini hakuna mwenyewe.

NyarAlego_Dallas

BushLoya unajua Bill Pickett? Mtu mweusi, amezaliwa Texas 1870, wazazi walikuwa watumwa. Yeye ndiye alianza ule mchezo wa kuruka kutoka kwa farasi inayokimbia, unashika ng'ombe kwa pembe unamlaza chini. Na yeye alikuwa anamng'ata mdomo wa juu kwa meno! Alijifunza kwa kuangalia mbwa vile wanashika ng'ombe. Sanamu yake iko hapo hapo Stockyards, ukitoka Coliseum unaipata. Mchezo bado uko kwa rodeo nyingi mpaka leo, meno tu ndio walitoa.

Profesa_Kibarazani

Nimwongezee dada. Ukauboi wenyewe wazungu waliukuta. Wahispania ndio walioleta ng'ombe na farasi, na wachungaji wa Meksiko, vaquero, ndio waliowafundisha hawa kazi, kamba wanaiita lasso kutoka lazo, rodeo yenyewe ni Kihispania, maana yake kuwazungukia ng'ombe kuwakusanya. Vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe vilipoisha 1865 Texas ilikuwa imejaa ng'ombe wa bei ya kutupa na kaskazini watu wanataka nyama, basi wakawa wanawaswaga kwa miguu mpaka kwenye reli Kansas, miezi. Fort Worth ilikuwa ndio kituo cha mwisho cha kupumzika na kunywa kabla ya kuingia porini, reli yenyewe ilifika pale 1876. Kwenye misafara hiyo wanahistoria wengi wanakadiria mtu mmoja kati ya wanne alikuwa mweusi, wengi wametoka utumwani juzi tu. Sinema ndizo zilizowafuta.

Mleta mada mtafutie na National Multicultural Western Heritage Museum, ipo Fort Worth hapo hapo, kidogo tu ila inakaa kichwani. Mke wako akikuuliza mbona unajua mambo haya yote usimwambie umeyatoa humu.

BushLoya

Haya nimekubali la Pickett. Kung'ata ng'ombe mdomo lakini, huyo alikuwa na njaa.

mama_Jaydan

Jamani na sisi wa Bandera tusikike. Mimi na mzee wangu tulienda mwaka juzi, ni kaskazini magharibi ya San Antonio, mji mdogo unajiita makao makuu ya kauboi duniani, sijui nani aliwapa ila wamebandika. Kule unalala kwenye ranchi yenyewe, kibanda cha mbao, chakula ndani, kupanda farasi ndani ya bei, jioni moto unawashwa mtu anapiga gitaa. Nyingine chumbani hakuna TV na simu inashika kwa kubahatisha. Kama ndoa yenu inataka mazungumzo nendeni huko, kama inataka mziki nendeni Fort Worth.

Angalizo mbili. Ranchi nyingi wikiendi hawakubali mlale siku moja, ni mbili na kuendelea, na kwa bajeti yako hiyo wakikuwekea kodi na tipu unaisha wote. Pili farasi wana kikomo cha uzito. Piga simu uulize KABLA. Sisi tumefika mzee wangu akaambiwa kwa upole sana sir naomba upande kwenye mzani, mbele ya foleni ya watu, na mzani ulikuwa na namba kubwaa. Alinuna mpaka jioni. Mimi nilipanda saa nzima nikafurahi, kesho yake natembea kama mtu anayebeba ndoo katikati ya mapaja. Romantiki ya usiku wa pili ilikuwa kupakana Voltaren.

Ngosha_wa_Meatu

mama_Jaydan nimecheka mpaka supavaiza kageuka. Basi Bandera nimeifuta, mzani siuwezi, nina 104 mkavu.

kiti_cha_mbele

Kilo au pauni?

Ngosha_wa_Meatu

Nani alikuambia uongee wewe.

Kamau_Two_Step

Boss sikiza. Mimi nimetoka Nyahururu, na mkoa wetu kauntri ni kama dini, tumelelewa na Kenny Rogers, tuko hata na Sir Elvis wetu, Elvis Otieno, msee anaimba kauntri Nairobi na kofia na kila kitu. So nakuambia kama mtu anaelewa. Billy Bob's, baa na ukumbi wa dansi ya kauntri. Usitoke Fort Worth bila hiyo. Ilifunguliwa 1981, jumba lilikuwa zizi la maonyesho ya mifugo, ni kubwa mpaka mnaweza kupotezana. Kwingine wanawekea ng'ombe ya mashine, hapo Ijumaa na Jumamosi ni fahali wa ukweli ndani ya nyumba. Jamaa akikaa juu sekunde nane amepita, na watu wengi hawafiki.

Lakini kitu ya maana ni dansi. Two-step. Ni rahisi, hatua mbili za haraka mbili za polepole: haraka haraka, poole, poole. Wote mnazunguka ukumbi upande mmoja, kinyume cha mshale wa saa, wa kasi wanakaa nje, wanaojifunza wanakaa ndani. Ukisimama katikati ya njia utagongwa na mzee wa miaka sabini na mke wake hawataomba msamaha. Fanyeni mazoezi jikoni wiki mbili kabla, mwambie ni mazoezi ya harusi ya mtu. Mkifika anashangaa mzee anajua.

Ngosha_wa_Meatu

Haraka haraka poole poole. Waliotuambia haina baraka hawakuwahi kufika Texas.

dada_wa_mtumba

Naongea mavazi maana wanaume mtamwaibisha. Kwanza BUTI USINUNUE SIKU YA SAFARI. Zinabana juu ya mguu na kisigino kinateleza kidogo, hiyo kisigino kuteleza ni sawa, vidole kubanwa sio sawa. Zivae ndani ya nyumba na soksi ndefu wiki tatu. Kisigino kirefu sio urembo, kinazuia mguu usipenye kwenye kikuku cha farasi ukaburuzwa. Yeye mtafutie gauni la maua la kawaida na buti na koti la jinzi, basi, asivae mashanga kama anaenda kwenye sherehe ya shule.

Kofia: za nyasi ni za joto, Pasaka mpaka mwanzo wa Septemba, baada ya hapo wenyewe wanahamia za manyoya yaliyoshindiliwa, na Oktoba hiyo ndio yenyewe. Ukivua unaiweka kichwa chini ukingo juu isipoteze umbo. Na kofia kitandani HAPANA, wanasema ni nuksi, mtu wa rodeo akiona anaondoka chumbani. Na mkeo akicheza usimvue kofia ukajivisha, ina maana zake hiyo hahaha.

mpishi_haramia

Chakula hamjagusa. Kidari cha kuchoma kwa moshi, masaa kumi na mbili na zaidi, agiza chenye mafuta usiagize kikavu, ukishaonja nyama choma yetu ya dakika arobaini unaiona ni haraka ya mtu mwenye basi. Na ukikuta kwenye menyu pameandikwa calf fries usidhani ni chipsi. Ni kende za ndama, zimekatwa zimekaangwa na unga. Mimi niliagiza sahani mbili nikijua chipsi. Nilimaliza zote, ni nzuri, ila mtu aambiwe.

Profesa_Kibarazani

Kwa kulala, Stockyards Hotel ni ya 1907, ndimo walimolala wale majambazi Bonnie na Clyde 1933. Hotel Drover ya 2021 ni nzuri mno na bei yake inajijua. Kwa 900 lala Ijumaa hoteli ya kawaida dakika kumi kwa gari, Jumamosi ndio ulale ndani ya Stockyards. Jumamosi asubuhi kabla ya ng'ombe mpeleke National Cowgirl Museum, wanawake wa rodeo watupu, halafu jirani yake Amon Carter hailipishi kuingia.

MzeeWaKanda

Wanangu hamjambo. Nimesoma tangu juu. Mmeongea ng'ombe, mmeongea buti, mmeongea kende. Hakuna hata mmoja aliyesoma mstari wa Jim Reeves.

Jim Reeves ni mtu wa Texas. Kazaliwa kaunti ya Panola 1923, kafa 1964 kwenye ajali ya ndege akiiendesha mwenyewe kwenye dhoruba karibu na Nashville, hajatimiza hata miaka 41. Wakamrudisha kwao kumzika. Yuko nje kidogo ya mji wa Carthage, pembeni ya barabara ya 79, kuna sanamu yake imesimama na hata mbwa wake kazikwa pale pale. Kijana, wewe unatoka Fort Worth kurudi Houston Jumapili. Badala ya kushuka na 45 nenda mashariki na barabara ya 20, masaa kama matatu upo Carthage, halafu unashuka na 59 kupitia Nacogdoches na Lufkin mpaka kwako, matatu mengine na kidogo. Unaongeza masaa mawili tu na ushee. Huyo binti hajasumbuka na kofia miaka yote hii kwa ajili ya ng'ombe.

NyarAlego_Dallas

...

Kamau_Two_Step

Mzee amefunga kesi.

Ngosha_wa_Meatu

Mzee shikamoo. Nimesoma mara tatu. Nilikuwa sijui kabisa kama kazikwa huku, na yeye najua hajui, angekuwa anajua angeshanisumbua toka mwaka wa kwanza. Sina cha kuongeza. Nabuku kesho.

kiti_cha_mbele

Mrejesho lazima. Usitutoroke.

Ngosha_wa_Meatu *(wiki sita baadaye)*

Wakuu mrejesho huu hapa, msiseme ni chai.

Ijumaa tumefika jioni, kaona tu bango la Stockyards kaanza kunipiga bega. Rodeo tumekaa karibu na geti kama mlivyosema, matope yametupata mpaka kwenye soda. Kilichomvutia sio mafahali, ni wale wadada wanaozunguka mapipa matatu na farasi, anasema huyo farasi anainama mpaka unadhani analala. Two-step tumecheza Billy Bob's, tumekaa ndani kwa wanaojifunza, na kuna bibi mmoja kapita akaniambia kitu, sijakielewa, ila alikuwa anacheka.

Buti. Dada wa mtumba nisamehe, nilizinunua Alhamisi. Muuzaji wa duka moja huku kwetu kaniapia ni saizi yangu. Jumamosi saa nane mchana nimekaa kwenye benchi mbele ya sanamu ya Bill Pickett na kandambili.

Ng'ombe sasa. Nilienda nimejiandaa kucheka. Wakatokea kwenye kona, kishindo kile, vumbi, ile harufu. Nikajikuta nahesabu. Tulikuwa tunahesabu asubuhi na jioni, ukikosea mmoja huli. Nimehesabu, nikarudia, kumi na sita. Mama watoto kaniuliza unaongea na nani, kumbe nahesabu kwa sauti, na kwa Kisukuma. Rukundo ndugu yangu, nilikuelewa.

Jumapili nikamwambia tunapita njia nyingine kuna foleni. Kalala tangu Tyler. Nimepaki kaamka kaona sanamu ya mtu, kauliza huyu nani tena, nikamwambia shuka usome. Kasoma. Hakulia kama nilivyotegemea, kakaa chini kwenye ngazi kavua kofia kaiweka kichwa chini ukingo juu, kimya. Halafu kampigia baba yake WhatsApp ya video. Huku saa saba mchana, Marangu saa tatu usiku. Mzee alikuwa keshaingia kitandani. Alipoambiwa yuko wapi akasema subiri, simu ikawekwa tunaona dari tu, tukasikia kabati. Karudi kavaa koti la kanisani.

Tukamzungusha, sanamu, kaburi, mbwa. Akauliza alikufa lini. Tukamwambia 1964. Akanyamaza sana mpaka nikadhani mtandao umekata. Akasema, "Mimi redio nimenunua 1979. Kumbe miaka yote hiyo nilikuwa namsikiliza marehemu?" Halafu akaita mama mkwe aje naye aone.

MzeeWaKanda, anakusalimia. Alitaka namba yako, nikamwambia ni mtu wa mtandaoni simjui, hakunielewa kabisa.

MzeeWaKanda

Mwambie nimepokea. Mimi yangu nilinunua 1976.

mama_Jaydan

Mmenitoa machozi ofisini. Hesabu ikawaje lakini, 900 ilitosha?

Ngosha_wa_Meatu

872 na mafuta, bila buti. Na hizo buti nauza, saizi 10, kahawia, zimevaliwa masaa matatu. Aliye Houston aseme.